Mwaka wa Kuwinda Kelele

Enoki aliponipigia simu na kusema, "Sekela, majibu yametoka, njoo Tunduma," nilikaa kitandani nikashindwa hata kumuuliza majibu yanasemaje. Sauti yake ilikuwa imekauka tangu uvimbe ulipomwota shingoni, na mtu mwenye sauti iliyokauka huwezi kujua kama anacheka au analia. Nikapanda basi la asubuhi kutoka Mbeya. Nanyala, Mlowo, Vwawa, vituo vyote vilinipita macho yakiwa wazi na akili haipo. Tunduma nilishuka mbali na mpaka, nikatembea kando ya malori yaliyopanga foleni ya kuingia Zambia mpaka kwenye duka lake la vipuri vya redio na friji. Nikamkuta uani, anakula samaki wa kukaanga kwa mikono miwili, mafuta yanamtiririka mpaka kwenye viwiko. Nilisimama nikamtazama. Mtu anayeambiwa atakufa hawezi kula namna ile. "Uvimbe wa kawaida tu," akasema, mdomo umejaa. "Wameukata, wameupima, hauna ubaya wowote. Natotela, Lesa! Asante, Mungu!" Nikamuuliza kwa nini hakuniambia kwenye simu, akajibu, "Ningekwambia kwenye simu ungekuja?" Nilimpiga begani, nikamkumbatia, kisha nikavuta kigoda nikachukua samaki wangu.

Tulikaa pale mpaka alasiri. Tulikuwa hatujakaa hivyo, bila haraka, tangu mwaka ule tuliofanya kazi pamoja kwenye kituo cha Igamba, yeye dereva na fundi, mimi msichana mwenye shahada mpya ya fizikia na viatu visivyofaa kwa tope. Siku hizi kazi yangu ni kutengeneza mashine za hospitali, hasa zile za kuwatunza watoto wachanga, na watu wakisikia nilisomea nini huniuliza nilifikaje huko. Huwa nawapa jibu fupi, kwamba kazi zilikuwa ngumu kupatikana. Siku ile Enoki alicheka jibu hilo mpaka akashika bandeji yake. "Kazi zilikuwa ngumu kupatikana!" akasema. "Wewe mwongo. Sema ukweli wa mwaka ule, hata mara moja kabla hatujafa." Basi huu ndio ukweli wa mwaka ule.

Kituo kilikuwa juu ya kilima upande wa Igamba, huko Mbozi, kimezungukwa na mashamba ya kahawa na mahindi. Barabarani kulikuwa na kibao chenye jina refu ambalo hakuna aliyelisoma mpaka mwisho. Watu wote walisema "Dishini," kwa sababu kitu pekee kilichoonekana kutoka mbali lilikuwa dishi lenyewe, jeupe, pana kama uwanja wa shule, limeelekea juu. Chini yake kulikuwa na jengo moja refu la matofali: chumba cha mitambo, ofisi, jiko lililokuwa pia chumba cha kulia, na vyumba vya kulala vilivyotenganishwa kwa mbao nyembamba kiasi kwamba nilijua jirani yangu anapogeuka kitandani. Jirani huyo alikuwa mkuu wa kituo, Dakta Hidaya, mwanamke wa Pangani ambaye baridi ya Mbozi ilimtesa kama adhabu. Alivaa sweta mbili, akajifunga kanga juu yake, na chini ya meza ya ofisi alikuwa na hita ndogo ya umeme aliyoisogeza kwa mguu kila alipohama kiti. Mtu mfupi, mwenye miwani, mpole wa sauti. Kwa miezi ya mwanzo nilimwogopa kuliko mtu yeyote niliyewahi kufanya naye kazi, kwa sababu ndiye niliyetaka kuwa.

Chakula tulikula pamoja, meza moja. Siku za kawaida ugali na maharage, Jumapili wali wa mchele wa Kamsamba uliojaza jengo lote harufu. Mambo mengi ninayoyajua kuhusu nyota niliyasikia pale mezani, na mengi yalianzishwa na Enoki, ambaye hakuona aibu kuuliza. Nakumbuka siku aliyoweka kijiko chini akasema, "Dakta, samahani. Haya mawingu tunayoyachunguza, wingu lisilo na mvua lina faida gani?"

"Linazaa nyota," Dakta akajibu.

"Nyota si zipo tayari? Hazitoshi?"

Dakta alicheka, kisha akaeleza, taratibu, kama anayemweleza mtoto wake mwenyewe. Kwamba huko mbali, katikati ya nyota, kuna mawingu ya gesi na vumbi, meusi, baridi kuliko kitu chochote tulichowahi kugusa. Kwamba wingu la namna hiyo linaweza kukaa muda usiohesabika bila kufanya lolote, halafu sehemu yake ikaanza kuelemewa na uzito wake yenyewe, ikajikunja kwa ndani, na ndani kule joto likaanza kidogo kidogo, mpaka siku moja nyota inawaka. Macho hayawezi kuona jambo hilo, kwa sababu wingu linaficha kila kitu. Lakini gesi yake hutoa mawimbi, yaleyale ya aina ya redio, hafifu mno, na dishi letu lilikuwa sikio la kuyasikiliza, mchana na usiku, jua liwake au mvua inyeshe. "Sasa fikiria," akamwambia Enoki, "mtu ananong'ona upande wa pili wa bonde, na hapa karibu yako kuna mtu anatwanga." Enoki akafikiri, akachukua kijiko chake. "Basi huyo anayetwanga lazima aombwe apumzike," akasema. Dakta akanigeukia mimi. "Hiyo ndiyo kazi ya Sekela."

Ndiyo kazi niliyopewa, na moyoni niliona nimepewa mabaki. Nilikuja nikitarajia kukaa kwenye chumba cha mitambo, nikajikuta nazunguka vijijini na antena ya mkono iliyofanana na mifupa ya samaki, kisanduku begani na visikilizio masikioni, nikiwinda kelele. Umeme ulikuwa ndio kwanza umefika vijiji vile. Kila nyumba iliyofunga waya ilinunua kitu, na kila kitu kibovu kilichotoa cheche kilipiga kelele ambayo masikio ya watu hayakuisikia ila dishi lilisikia. Niliwinda mota za mashine za kumenyea kahawa. Niliwinda kinanda cha kanisa, na kwaya ikaniimbia wimbo mzima kabla ya kuniruhusu kukigusa. Simu zetu wenyewe zilikuwa zimefungiwa kabatini. Aliyetaka kupiga alishuka Nanyala. Na kote nilikoenda nililishwa. Viazi, kande, chai ya maziwa, ndizi. Mwezi wa kwanza nilikataa nikidhani ndiyo adabu ya kazi, Enoki akaniambia, "Huku ukikataa chakula umefunga mlango mwenyewe." Nikaanza kula, na kwa kweli milango ikafunguka. Nilikaa kwenye sebule zenye vitambaa vya kufuma juu ya makochi, nikasikia habari za bei ya kahawa, za mkwe asiyefaa, za ng'ombe aliyekula kanga ya mchungaji. Mahali penye kelele Enoki alifungua kitu kilichoharibika, akakitengeneza, tukaagana vizuri.

Si wote tuliagana nao vizuri. Fundi mmoja wa kuchomelea mageti, ambaye mashine yake haikuwa na dawa, aliombwa na serikali ya kijiji ahamie nyuma ya kilima. Alihama, lakini siku anapakia vyuma vyake alinitazama akasema, "Nyota zenu zitatulaza njaa, dada." Maneno hayo yalitembea haraka kuliko mimi. Kufika Mei watu walikuwa wanaambizana kwamba watu wa Dishini wakikuta kelele kwako wanakata waya kuanzia kwenye nguzo. Haikuwa kweli, wala hatukuwa na uwezo huo. Lakini mtu aliyesubiri umeme maisha yake yote hawezi kujaribu bahati yake kwa jambo kama hilo.

Ndipo ikaja ile kelele moja. Ilianza na baridi ya Juni. Kwenye karatasi za mitambo ilionekana kama mikwaruzo, na kwenye visikilizio ilisikika kama mtu anayewasha kiberiti kibichi: tsk, kimya, tsk, kimya. Ilikuja alfajiri, ikaendelea asubuhi, ikapotea jua likipanda, ikarudi jioni. Iliangukia palepale kwenye mawimbi ya wingu ambalo Dakta alikuwa amelichagua, wingu aliloamini kwamba moyoni mwake nyota ilikuwa imeanza kupata joto. Kila asubuhi nilitoka nikiifuata, na kila nilipokaribia jua lilikuwa limewaka na kelele imezimika. Dakta hakuwahi kunifokea. Ingekuwa afadhali. Siku moja nikiwa jikoni nilimsikia ofisini, upande wa pili wa ukuta, akizungumza kwa simu ya mezani na watu waliolimiliki dishi, ng'ambo. Alizungumza Kiingereza cha upole, halafu akasikiliza, kisha akasema kwamba ndiyo, ameelewa, wageni wao wa ukaguzi wakija wakakuta sehemu hii haina utulivu, dishi litafunguliwa lihamishiwe jangwani katika nchi nyingine. Akaweka simu. Nikasikia akivuta hita karibu yake. Hakutoka humo mpaka chakula cha jioni, na chakula chenyewe hakukimaliza.

Siku chache kabla ya wageni kufika, kuliamka na ukungu mzito uliogoma kuondoka. Saa ya jua kupanda, jua halikupanda. Na kelele haikukatika. Nilivaa sweta, nikamwambia Enoki anipeleke hadi gari linapoishia, nikashuka kwa mguu katikati ya mibuni, antena mbele, kelele ikiongezeka kila nilipopita ua mmoja. Ikanifikisha kwenye nyumba ya matofali ya kuchoma, chanja ya kahawa imefunikwa turubai uani. Pale mlangoni ilikuwa kali hadi nikatoa visikilizio masikioni, nikavining'iniza shingoni. Nikapiga hodi. Ndani nikasikia kitu kinaburutwa, mtu ananong'ona. Kisha kelele ikakatika ghafla.

Aliyefungua alikuwa mama wa makamo, kitambaa kichwani, mikono inanuka moshi. Nilimfahamu kwa kumwona kanisani. Watu walimwita Mama Witness. Alitazama antena, akatabasamu kwa midomo tu. "Karibu, mwanangu. Karibu ndani, nje baridi." Akanikalisha kwenye kochi. Kabla sijaeleza shida yangu alishaenda jikoni akarudi na sahani: ugali na mboga ya majani ya maboga iliyoungwa kwa karanga. Nikanawa. Nilijua kelele iko mle ndani, na nilikuwa nimejifunza subira. Niliamua nitakula polepole, tutazungumza, na baadaye nitauliza kwa heshima ni kitu gani kimezimwa. Mama Witness aliketi kwenye ukingo wa kigoda, macho yake yakienda kila mara kwenye pazia la chumba cha ndani. Nilimuuliza habari za kahawa, akajibu nzuri. Nilimuuliza habari za Witness, akajibu hajambo. "Kula, mwanangu," akasema. Nikakata tonge jingine. Nikachovya. "Kula," akasema tena, akigeukia pazia.

Pazia likafunguka. Msichana mwembamba akasimama pale, nywele hazijachanwa, macho mekundu ya homa. Ndiye Witness. Hakunitazama hata kidogo. "Mama, amekuwa wa baridi."

"Rudi ndani."

"Mama, miguu yake ni ya baridi! Hata midomo!"

Mama Witness alitoka kwenye kigoda akapiga magoti mbele yangu, mwanamke wa umri wa kunizaa, na akashika mkono wangu wenye tonge. "Tusamehe, mwanangu. Turuhusu tuwashe kidogo tu. Kama ni kukata umeme mkate kesho. Leo baridi ni kali."

Sikuelewa bado, lakini nilisema, "Washeni, mama, washeni!" nikawafuata ndani. Karibu na kitanda kulikuwa na sanduku la mbao lenye kifuniko cha kioo, mashine ya kutotoleshea vifaranga, na ndani yake, kwenye pamba na kanga, kofia ya sufu imemfika kwenye nyusi, mtoto. Sijawahi kuona binadamu mdogo namna ile. Witness akachomeka waya, taa ikawaka, na kutoka kwenye visikilizio vilivyoning'inia shingoni mwangu nikasikia: tsk. Kimya. Tsk. Kelele niliyoitafuta nchi nzima ya Igamba, nikaifurahia kuliko wimbo.

Walinieleza kwa haraka, mmoja akimkatiza mwingine. Mtoto alikuwa njiti, amezaliwa kabla ya miezi yake. Hospitali walimtunza, wakamfundisha Witness kumbeba kifuani, ngozi kwa ngozi, wakawaruhusu kurudi nyumbani alipoanza kunyonya vizuri. Kisha Witness akashikwa na homa, akawa anatetemeka mwenyewe. Mama alimbeba usiku, lakini mchana kulikuwa na kahawa ya kuchuma na hakuna mtu mwingine nyumbani. Sanduku la vifaranga walikuwa nalo. Waliliosha, wakawa wanaliwasha baridi ikiwa kali na kulizima jua likipanda, wakaona linafaa. Na walikuwa wamesikia habari za watu wa Dishini.

Wakati wanasema hayo nilisikia harufu. Hafifu, kama ukoko wa ugali uliosahauliwa motoni. Nikaweka kiganja kwenye kona ya sanduku, pale swichi ya kupimia joto ilipofungwa, nikakiondoa haraka. Sijui nilipata wapi utulivu. "Mama," nikasema, "tunamtoa humu. Sasa hivi. Nipeni mimi." Nikavua sweta, nikafungua vifungo, na Witness akaniwekea mwanawe kifuani, akanifunga kanga kwa nguvu juu yake. Alikuwa wa baridi kweli. Nilichohisi kwanza ni miguu, midogo kama vidole vyangu, baridi juu ya ngozi yangu. Halafu, baada ya muda ulionipa hofu, moyo wake, unakimbia. Mama Witness akatoka mbio kwenda kumwita Enoki kwenye gari, akiwa peku, na kitambaa kimebaki uani.

Enoki alizima umeme, akafungua sanduku kwa bisibisi. Aliliinamisha ili tuone. Nyuma ya swichi, mahali cheche zilipokuwa zinaruka alfajiri hadi asubuhi, mbao ilikuwa imegeuka mkaa. Vumbi la maranda lililojaza ukuta wa sanduku kuzuia baridi lilikuwa jeusi. "Hii ilishaanza safari ya kuwaka," akasema, kwa sauti ndogo. Mama Witness aliketi sakafuni palepale alipokuwa amesimama.

Nimefikiri sana juu ya jambo hilo kwa miaka hii yote, hasa ninapofungua mashine za hospitali na kukuta kona iliyoanza kubadilika rangi. Kelele ileile tuliyoilaani mezani ndiyo iliyokuwa inaita. Haikuwa akili yangu wala wema wangu ulionifikisha mle ndani. Nilikuwa naifuata ili niizime. Lakini siku ile sikufikiri chochote. Enoki alikwenda Dishini kueleza, mimi nikabaki nimeketi kitandani kwa Witness na mwanawe kifuani, naogopa hata kuvuta pumzi ndefu. Witness aliegemea bega langu, homa yake ikinichoma upande mmoja, baridi ya mtoto upande mwingine. Aliniuliza kama tutawashtaki. Nikamwambia hapana. Aliniuliza kama mtoto atapona. Nikamwambia ndiyo, nikiwa sijui.

Niliposikia gari nje nilijua itanibidi nimweleze Dakta kwa nini kazi imesimama siku chache kabla ya wageni. Aliingia na baridi yake, sweta mbili, kanga, na mkononi ameshika kitu kilichong'olewa na waya zake zinaning'inia. Ilikuwa swichi ya joto ya ile hita ya ofisini kwake. "Enoki kasema inalingana," akasema. Kisha akamwona mtoto. Alivua miwani, akainama, akagusa shavu kwa mgongo wa kidole. "Sanduku baadaye," akasema. "Hospitali sasa. Witness, nawe pia, binti yangu. Mama, chukua kanga za kubadilisha." Alisema kama mtu anayegawa chakula, na wote tukafanya.

Tulikwenda Vwawa, Enoki akiendesha taratibu kwenye makorongo hadi nikataka kumpigia kelele aongeze, na palipokuwa na lami akaongeza bila kuambiwa. Hospitali walimchukua kutoka kifuani kwangu, wakamchukua na Witness. Tukabaki kwenye benchi la ukumbini, Mama Witness katikati, mimi na Dakta pembeni. Mama Witness alisali kwa Kinyiha, Dakta akawa anasoma dua zake chini chini, mimi nikawa naangalia mlango. Kifua changu kilikuwa kimepoa pale alipokuwa amelala. Nesi alipotoka, alitoka akifuta mikono, na nilichukia jinsi alivyokuwa anaifuta vizuri, kidole kwa kidole. "Bibi ni nani?" akauliza. Mama Witness akasimama. "Amepata joto. Ananyonya. Ananyonya kwa hasira." Mama Witness hakulia, alicheka. Alicheka kwa sauti ya juu hadi watu wakatoka mawodini. Dakta alimshika kiunoni wakacheka pamoja, na mimi ndiye niliyelia, nimeegemea ukuta, na sikuona aibu.

Wageni walikuja wakati Witness na mwanawe wakiwa bado hospitali. Enoki alikuwa ametengeneza sanduku upya na kufunga ile swichi, akalijaribu alfajiri mbili mfululizo. Dishi halikusikia chochote kutoka upande ule. Wageni walikaa kwenye chumba cha mitambo wakisikiliza ukimya wetu, wakaelekeza dishi huku na huku wakitafuta kosa. Mwisho wakaliacha kwenye wingu la Dakta. Kwenye karatasi ulitoka mstari uliotulia, halafu ukapanda, mwembamba, safi, ukashuka. Dakta aliuwekea kidole pembeni bila kuugusa. "Hapo," aliniambia kwa Kiswahili, kana kwamba hakukuwa na mtu mwingine chumbani. "Hapo ndani kuna joto." Walisaini karatasi zao, wakala wali wa Kamsamba, wakaondoka, na dishi likabaki. Alasiri ile kituo kizima kililala. Nilipita ukumbini nikasikia kila mlango unakoroma, Dakta kuliko wote.

Mtoto alirudi nyumbani, na mama yake akapona. Enoki alitumaini angepewa jina lake, mpaka alipokumbushwa kwamba ni wa kike, wakamwita Faraja. Nikawa napita pale kila jioni kwa kisingizio cha kupima kelele. Nilimpima mtoto. Niliuliza manesi wa Vwawa mashine zao zinafanyaje kazi, nani anazitengeneza zikiharibika, wakaniambia hakuna, zinasukumwa stoo. Nikaenda kuziona stoo. Nilizifungua mbili nikiwa na bisibisi ya Enoki, moja ikawaka. Na wakati huohuo, Dakta alikuwa ameniandikia mapendekezo ya kwenda ng'ambo kusomea nyota, nafasi ambayo mwanzoni mwa mwaka ningeitambalia kwa magoti. Ilikubaliwa. Aliniambia mezani, mbele ya wote, na Enoki akapiga meza kwa furaha hadi chai ikamwagika. Nilisema asante. Kisha nikakosa usingizi, kwa sababu sikutaka kwenda, na sikujua mtu anamwambiaje jambo hilo mwanamke aliyempigania namna ile.

Nilimaliza wiki nzima nikikwepa macho yake. Mvua za kwanza zilikuwa zimeanza, watoto wa Igamba wanakohoa, na Faraja naye akapata mafua. Nililala kwa Mama Witness usiku mmoja kuwasaidia, kituo kizima kikijua kwa nini. Asubuhi mtoto akaamka hana shida, ananyoosha mikono kutaka uji wa bibi yake. Nikapanda kilima katika tope, nikijirudia maneno yangu kama mwanafunzi anayekariri. Nilimkuta Dakta peke yake jikoni, anakunywa chai, kanga imemfika masikioni. Aliniona mlangoni, nimelowa, nadhani uso wangu ulikuwa wa kutisha. Akaweka kikombe chini, polepole sana.

"Sema," akasema.

"Dakta, sitakwenda. Nisamehe. Nafasi mpe mwingine. Nataka kujifunza kutengeneza zile mashine za watoto, nimeshafikiri, nimeshaamua, nisamehe."

Alifunika uso kwa viganja vyote viwili, mabega yakaanza kutikisika, nami nikasimama pale maji yakinichuruzika, nikijua nimemvunja moyo mtu niliyempenda. Halafu akashusha mikono, na nikaona anacheka huku machozi yanamtoka.

"Astaghfirullah, Sekela!" akasema. "Nilidhani mtoto amekufa."

Alipangusa macho kwa pindo la kanga, akavuta pumzi, akacheka tena. Kisha akasukuma kiti kwa mguu, akanimiminia chai, akanisogezea sahani ya mihogo ya kuchemsha, bado ina moto.

"Kaa ule," akasema. "Umeniua kwa hofu, mwanangu. Kaa ule."